Kelele Hii Ni Mali ya Nani?

Mwaka 1967 Wafaransa Michel Vuylsteke na Charles Duvelle walirekodi muziki wa Burundi kwa ajili ya Ocora, lebo iliyozaliwa ndani ya redio ya taifa ya Ufaransa. Walinasa ngoma kubwa zinazopigwa na kundi zima la wanaume. Walinasa pia inanga ya kunong'ona, ambapo mpigaji haimbi kabisa. Anapuliza maneno kwa pumzi tu huku vidole vikitembea kwenye nyuzi, na sikio la msikilizaji linaazima noti kutoka kwenye nyuzi na kuipa ile pumzi isiyo na noti. Miaka minne baadaye, mwaka 1971, mwanamuziki wa Paris aitwaye Michel Bernholc alichukua zile ngoma, akaweka piano na gitaa juu yake, akatoa wimbo wa Burundi Black. Wimbo ukaingia kwenye chati za Uingereza. Kufika mwanzoni mwa miaka ya 1980, vikundi vya London kama Adam and the Ants na Bow Wow Wow vilikuwa vikijenga muziki wao juu ya mdundo wa aina hiyo. Burundi Black iliuzwa kwa jina alilojichagulia Bernholc, si kwa majina ya wapiga ngoma.

Kutoka Luberizi, katika bonde la Ruzizi mashariki ya Kongo, hadi Burundi ni safari fupi. Ukiiacha barabara ya taifa namba 5, ile inayoshuka kutoka Bukavu kupitia Kamanyola, Luvungi na Bwegera kuelekea Sange na Uvira, ukaelekea mashariki, unaukuta mto Ruzizi, na ng'ambo ni nchi ya ngoma zile. Ndiyo maana nalianzia hapo swali la lebo ndogo zinazotoa muziki mkali na wa majaribio. Watu wengi wa kwetu, ukiwaambia kuna kampuni inayotafuta makusudi muziki wa kelele, wa kasi ya kutisha, wa spika zinazopasuka, watakuambia huo ni ugonjwa wa vijana wa Ulaya waliochoka. Lakini muziki uliotikisa masikio ya Ulaya ulitoka ng'ambo ya mto huu. Sauti hazijawahi kutupungukia. Ninachouliza mimi ni nani anamiliki rekodi zake, na baada ya miaka 20 kitabaki nini mkononi mwa aliyepiga.

Lebo za namna hii zina historia. London, mwaka 1976, kikundi cha Throbbing Gristle kilianzisha Industrial Records ili kitoe chenyewe mivumo yake ya mashine. Nottingham, katikati ya miaka ya 1980, Digby Pearson alianzisha Earache, na mwaka 1987 ikatoa albamu ya kwanza ya Napalm Death, Scum, yenye wimbo unaokwisha baada ya sekunde moja na kitu. Kampuni kubwa hutoa kile ambacho soko limeshaonyesha kukitaka. Lebo ndogo ya muziki mkali hukiamini kitu kabla hakijapata mnunuzi, hukichapa nakala chache, kisha humtafuta mmoja mmoja yule msikilizaji aliyetawanyika duniani. Watu 300 katika nchi 30 wanatosha kulipa gharama za kanda ya kaseti. Hesabu hiyo ndogo ndiyo iliyoifanya kazi hii iwezekane hata Afrika Mashariki.

Na imewezekana. Arlen Dilsizian na Derek Debru, waliofika Kampala kutoka nje ya Uganda, walianza na usiku wa dansi ulioitwa Boutiq Electroniq. Mwaka 2015 wakaanzisha tamasha la Nyege Nyege kando ya mto Nile huko Jinja, kisha wakazaa lebo ya Nyege Nyege Tapes. Mwaka 2018 ikafuata lebo dada, Hakuna Kulala, yenye kuegemea muziki wa klabu wa vijana wa kanda hii. Jengo lao, studio yenye vyumba vya kulala, ndilo lililofanya kazi kubwa kuliko jina. Mwanamuziki kutoka Gulu, Dar es Salaam, Nairobi au mashariki ya Kongo aliweza kufika, akalala hapo, akala, akarekodi kwa wiki kadhaa bila kulipia saa. Prodyuza yeyote wa Bukavu anajua saa ya studio ni nini: umeme unakatika ukiwa katikati ya wimbo, mafuta ya jenereta yanaisha, na mteja anadai pesa yake. Kumpa mtu muda usiohesabiwa ni kumpa ruhusa ya kukosea, na bila kukosea hakuna majaribio.

Mwaka 2017 walitoa mkusanyiko wa Sounds of Sisso, na hapo masikio ya dunia yalifunguka. Sisso ni prodyuza mwenye studio yake Mburahati, Dar es Salaam, na muziki ni singeli. Singeli ilizaliwa kwenye vigodoro, zile sherehe za mtaani za usiku kucha, kutokana na mchiriku na taarabu. Prodyuza huchukua kipande kifupi cha kinanda, mara nyingi chenye ile sauti nyembamba ya Casio ndogo za mchiriku, hukizungusha, kisha hupandisha kasi. Dansi ya kawaida ya klabu za Ulaya huenda mapigo 120 au 130 kwa dakika. Singeli inapita 200 na hufika karibu 300. Katika kasi hiyo ngoma haisikiki tena moja moja, inakuwa msasa mmoja unaokwaruza, na juu yake MC anaghani maisha ya Uswahilini: kodi ya nyumba, mapenzi, polisi, njaa. Majina ya albamu zilizofuata yanasema yenyewe. Mwaka 2019 Sisso alitoa Mateso, Jay Mitta akatoa Tatizo Pesa, Duke akatoa Uingizaji Hewa. Kabla yao Bamba Pana alikuwa ametoa Poaa, mwaka 2018.

Angalia mpangilio wa mambo hapo. Singeli haikuanzishwa na lebo. Ilikuwa na wasikilizaji wake Manzese na Tandale, ilikuwa na nyota wake kama Msaga Sumu, na ilikuwa na studio zake: Sisso alikuwa na studio ya jina lake, Duke alikuwa na Pamoja. Lebo ya Kampala ilikuta nyumba imesimama, ikafungua mlango wa pili kuelekea nje. Kwa maoni yangu hii ndiyo sababu muziki huo umedumu. DJ Travella, kijana kabisa, alitoa Mr Mixondo mwaka 2022, na mwaka 2024 Sisso na Maiko wakatoa Singeli Ya Maajabu. Tamasha la Ulaya lisipompigia simu mtu wa singeli msimu huu, mtaa bado utamwita Jumamosi.

Kisa cha Duma, kikundi cha Nairobi, ni tofauti, na ndicho kinachonigusa zaidi. Nairobi ina vikundi vya metali tangu miaka ya 2000, vijana wenye magitaa wakipiga kwenye kumbi ndogo mbele ya watu wachache waaminifu. Martin Kanja na Sam Karugu walitoka humo. Walichukua kompyuta, wakarekodi Kampala albamu iliyotoka mwaka 2020 kwa jina la kikundi chao. Karugu anatengeneza ukuta wa mashine na ngoma zinazokimbia, Kanja anapiga kelele kutoka tumboni, sauti yake ikipanda hadi mlio mkali na kushuka hadi mngurumo. Redio ya asubuhi haiwezi kupiga hata dakika moja ya albamu hiyo, na hilo si kosa la redio wala la Duma. Muziki huo ulihitaji nyumba nyingine, na nyumba ilikuwepo kwa basi la usiku mmoja kutoka Nairobi. Kisha Kanja, ajulikanaye kama Lord Spikeheart, alifanya jambo ninaloliona kubwa kuliko albamu yenyewe: alianzisha lebo yake mwenyewe, Haekalu, na mwaka 2024 akaitumia kutoa The Adept.

Kwa msomaji wa Kivu, jina la karibu zaidi ni Rey Sapienz. Ni Mkongomani, mchenguaji na prodyuza, aliyehamia Kampala na kuwa miongoni mwa waanzilishi wa Hakuna Kulala. Mwaka 2021, pamoja na The Congo Techno Ensemble, alitoa Na Zala Zala, albamu ambamo ngoma za Kongo, mashine za tekno na maneno ya vita vinakaa chumba kimoja. Mkongomani mwingine, Chrisman, alitoa Ku Mwezi mwaka 2020 akiwa hapo hapo Kampala. Hakuna aliyewaambia wapige ndombolo ili watambulike kuwa Wakongomani. Hilo linaweza kuonekana dogo kwa mtu wa Kinshasa. Kwetu mashariki, ambako miaka yote muziki wa Kongo umekuwa na maana ya Kinshasa na Kilingala, ni jambo zito kwamba kijana wa Kiswahili aliruhusiwa kuwa na sauti ambayo haina mfano.

Nachelea lakini kuwasifu wa Kampala kupita kiasi, kwa sababu Kongo yenyewe ilishatangulia katika majaribio na ikatangulia pia katika tatizo la umiliki. Lebo kubwa nyingi za Léopoldville, Kinshasa ya leo, zilimilikiwa na wafanyabiashara Wagiriki. Nicolas Jéronimidis alianzisha Ngoma mwaka 1948, na Marie-Louise ya Wendo Kolosoy ikatoka huko. Wagiriki hao walifanya kazi ya kweli, na bila wao tusingekuwa na rekodi za miaka hiyo. Lakini ilipofika mwaka 1960 Joseph Kabasele alianzisha Surboum African Jazz, lebo iliyomilikiwa na Mkongomani, na mwishoni mwa muongo huo Franco akawa na Editions Populaires yake. Zaidi ya miaka 40 baada ya Kabasele tulirudi tulikotoka. Katikati ya miaka ya 2000 lebo ya Ubelgiji, Crammed Discs, ilitoa Congotronics ya Konono N°1, kikundi cha mzee Mawangu Mingiedi kilichounganisha likembe na vipaza sauti vilivyoundwa kwa sumaku za magari makuukuu. Likembe ikipita kwenye vifaa hivyo hupasuka na kuvuma kama gitaa la umeme. Konono walianza kuunda sauti hiyo Kinshasa miongo kadhaa kabla wapenzi wa muziki wa majaribio wa Ulaya hawajaiita ya kisasa. Kikundi kilikuwa cha Kinshasa, lebo ilikuwa ya Brussels.

Sasa tuhesabu. Tuseme albamu inauzwa kwa dola 8 kwenye Bandcamp, mtandao ambao lebo nyingi za aina hii huutegemea. Bandcamp huchukua 15 kwa mia ya mauzo ya kidijitali, na kuna ada ya kupitisha malipo. Inabaki dola 6 na senti kadhaa. Mkataba wa kawaida wa lebo ndogo ni nusu kwa nusu baada ya gharama kurudi, kwa hiyo mwanamuziki anapata dola 3 na kitu. Watu 300 wakinunua, ni karibu dola 1,000. Kwa Luberizi hiyo si pesa ya kudharau: inanunua kompyuta nzuri ya mkononi na kipaza sauti. Linganisha na Spotify, ambako tangu mwaka 2024 wimbo usiofikisha usikilizwaji 1,000 ndani ya miezi 12 haulipwi kitu. Sheria hiyo imewaumiza hasa watu wa muziki mkali, wenye wasikilizaji wachache lakini walio tayari kununua.

Pesa kubwa zaidi iko jukwaani, na hapo mpaka unajionyesha. Viza ya Schengen kwa Mkongomani kwa kawaida huombwa Kinshasa. Kutoka Kivu Kusini hadi Kinshasa hakuna barabara ya kutegemea, ni ndege, nayo inagharimu pesa nyingi kabla hujajua kama viza itatoka. Tangu Bukavu ilipoangukia mikononi mwa waasi wa M23 Februari 2025, na vita vikashuka bondeni hadi Uvira Desemba mwaka huo, hata safari ya Kinshasa imekuwa ndoto kwa wengi. Mwanamuziki wa Kampala anaweza kuishi kwa matamasha ya Poland na Ujerumani. Wa bondeni hawezi kuupanga mwaka wake hivyo. Kwake kinachobaki ni rekodi yenyewe, ile tunayoiita masta, na haki zake.

Kuhusu haki, sheria ipo. Sheria ya haki za watunzi ya Kongo ni ya tarehe 5 Aprili 1986, na shirika la kukusanya mirabaha, SOCODA, lipo Kinshasa. Kijana anayetengeneza biti kwa simu Luberizi hana njia rahisi ya kulifikia. Anayefika kwake ni mtu mwenye mkataba wa kurasa kumi kwa Kiingereza au Kifaransa, na ndani yake kuna mstari mmoja unaosema masta inakuwa ya lebo milele. Siilaumu lebo yoyote iliyotajwa hapa, maana sijaona mikataba yao. Nasema mstari huo ndio wa kusoma kwanza, kabla ya picha, kabla ya safari, kabla ya furaha ya kusikika Berlin. Kukodisha masta kwa miaka 7 au 10, kisha irudi kwa aliyeitengeneza, ni utaratibu unaojulikana katika biashara hii, na lebo yenye nia njema inaweza kuukubali.

Wapo wanaopinga kutoka upande mwingine kabisa: kwamba muziki huu unaharibu maadili. Mwaka 2018 waziri wa maadili wa Uganda, Simon Lokodo, alilipiga marufuku tamasha la Nyege Nyege siku chache kabla halijaanza, kisha serikali ikarudi nyuma. Mwaka 2022 Spika wa Bunge Anita Among alitaka lizuiwe, na likafanyika kwa masharti, safari hiyo kwenye maporomoko ya Itanda. Jina la tamasha lenyewe, kwa msikilizaji wa Kiswahili, linaumiza sikio la mzazi, na nakubali kwamba waliolichagua wangeweza kutufikiria zaidi sisi. Lakini kelele si dhambi. Ingia kwenye ibada ya Jumapili ya makanisa ya Kipentekoste ya CEPAC au CELPA popote katika Kivu Kusini: spika zimefunguliwa hadi mwisho, kinanda kinapasuka kwenye noti za juu, kwaya inapiga vigelegele, waumini mia wanaomba kwa sauti kila mmoja na maneno yake, sauti zikipanda pamoja mpaka hakuna neno linalotambulika. Mtu wa Earache akirekodi dakika 5 za maombi hayo ataziita muziki wa majaribio. Watu wetu wanaziita uwepo wa Mungu, na wako sahihi. Masikio ya bonde hili yameshazoea ukali wa sauti. Lililokosekana ni mtu wa kuuliza kama sauti hiyo ina thamani hata nje ya ibada.

Ndiyo maana siamini kwamba Luberizi iko mbali mno na jambo hili. Vifaa vingi vimeshafika, na vingi viko makanisani: kikuza sauti, miksa, spika, kinanda, betri za jua kwa siku ambazo umeme haupo. Wapigaji wapo, wengi wao wamefundishwa na kwaya. Urithi upo pia. Wakati mtafiti wa muziki Alan Merriam alipokuja kurekodi Bashi wa Kivu mwaka 1951 na 1952, alikuta lulanga, ndugu wa inanga ya Burundi, na likembe. Rekodi zake zilikwenda Marekani. Wajukuu wa wapigaji wale hawazijui, na sehemu kubwa ya kazi ya lebo ya hapa ingekuwa kutafuta nakala, kuzisikiliza, kuwauliza wazee waliobaki bado wanapiga nini, na kurekodi upya kwa majina kamili ya wapigaji.

Lebo kama hiyo haihitaji jengo la ghorofa. Inahitaji kompyuta moja, diski mbili za kuhifadhi zinazokaa sehemu mbili tofauti (nyumba ikichomwa au kuporwa, ya pili ibaki), akaunti ya mtu anayeaminika aliye nje ya nchi kwa ajili ya malipo ya Bandcamp, na simu ya kugawa mgao kwa M-Pesa au Airtel Money siku hiyo hiyo pesa inapoingia. Inahitaji daftari la majina: nani alipiga, nani aliimba, nani alishika kipaza, tarehe, kijiji. Daftari hilo ni kinga. Wapiga ngoma wa mwaka 1967 wangekuwa nalo, na nakala ikabaki kijijini, Burundi Black ingekuwa na wadai.

Hatari yake naiona pia. Lebo ya bondeni inaweza kugeuka duka la kuuza uchungu wa vita kwa wasikilizaji wa mbali wanaopenda uchungu huo. Dalili itaonekana mapema: muziki utaanza kutengenezwa kwa ajili ya maelezo yanayoandikwa kwenye jalada. Kinga pekee ninayoijua ni ile ya singeli, kwamba kila kinachotolewa kipigwe kwanza hapa, kwenye harusi za Sange, kwenye matanga, uwanjani baada ya mechi, na watu waseme. Wakiukataa wimbo kwa sababu ni mgeni, mtunzi arudi chumbani, asikilize tena, kisha aamue mwenyewe kama ataubadili au ataung'ang'ania. MC Yallah alichengua kwa miaka mingi Kampala kwa Kiganda, Kijaluo, Kiswahili na Kiingereza, nje ya mitindo iliyokuwa ikiuza, kabla albamu yake ya Kubali haijatoka mwaka 2019. Alijulikana kwanza na watu wa mji wake, na wa mbali walipofika walimkuta amekomaa.

Kwa hiyo ningependa lebo ya kwanza ya bonde la Ruzizi ianze na kanda moja tu, nakala 100, yenye vitu vitatu visivyofanana: lulanga au inanga ya mzee mmoja ikiwa imerekodiwa kwa karibu kiasi cha kusikia kucha kwenye uzi, maombi ya usiku ya kanisa moja kwa ridhaa ya kanisa hilo, na vipande vya kijana yeyote anayetengeneza biti kwa simu, vipande ambavyo hakuna redio iliyovikubali. Mkataba uandikwe kwa Kiswahili, ukurasa mmoja, masta ibaki kwa wenyewe, na lebo ipewe haki ya kuuza kwa miaka mitano.